Papa Kazadi amepata filamu

Jamani, leo nimeshangilia kabla ya kusikia habari yote.

Papa Kazadi ni mzee wa Lubumbashi, jirani yangu wa duka hapa Dengfeng, huku ugenini kwa Wachina. Kwao aliigiza miaka mingi kwenye filamu za Kifaransa, siku zote mtu wa pembeni: askari, mganga, baba mkwe mkali. Kila siku anasema akipata filamu atarudi nyumbani.

Mchana mwongozaji wa filamu wa huko kwao akampigia. Simu iko spika.

"Papa, tuna nafasi yako!"

Nikapiga makofi, na wateja nao wakapiga. Mzee akaanza kuulizia tiketi ya ndege.

"Usisumbuke kuja, Papa. Tuma picha tu. Wewe ni baba aliyekufa, tutakutundika ukutani."

Mzee akainamia simu.

"Na maneno yangu?"

"Hamna maneno, Papa. Ila utaonekana filamu nzima!"

Nilijua atakataa. Akaenda kunawa uso, akarudi, akanipa simu yake.

"Unipige picha, mwanangu. Nikicheka, futa."

Nikampiga. Akaitazama ile picha weee, kisha akaniuliza taratibu:

"Naonekana nimekufa vizuri?"

Ninyi mngemwambia nini?