Miguu ya Mzee Kuramochi

Bi Hisae aliuza katuni za mtumba mjini Morioka, na hakuzifunga kwa nailoni kama walivyofanya wauzaji wenzake ili zisisomwe bure. Watu walisoma wamesimama, wala hakuwafukuza.

Siku moja akaingia Mzee Kuramochi, fundi saa mstaafu ambaye hajapata kusoma katuni maishani mwake. Akachagua kitabu kinene cha vita vya kale, eti kina heshima. Heshima gani? Kurasa chache tu, akaanza kuhema.

"Mama, miguu inaniuma. Huna kiti?"

"Kiti kipo. Ila tatizo si miguu, ni hicho kitabu. Hakijakushika." Akamnyang'anya, akampa kingine chenye jalada la waridi, cha mapenzi ya wasichana wa shule.

"Mimi, mzee mzima? Watu wataniona!"

Bi Hisae akakivisha karatasi ya kaki, kama wauza vitabu wa kwao wanavyomfunikia mteja kitabu alichonunua. "Haya, nani atajua? Soma!"

Mzee akasoma huku akinung'unika. Mara manung'uniko yakakoma. Wateja wakaingia, wakatoka, jua likahama dirishani. Bi Hisae akamwonea huruma, akamsogezea kiti.

"Kaa basi, mzee. Miguu je?"

Mzee hakuinua macho. "Miguu gani?"