Nguruwe wa Tausia na Ndege ya Jumanne

Shangazi yangu Tausia hajui kufanya jambo nusunusu. Akicheka, mbwa wa jirani wanaamka. Akisali, mchungaji hana budi kungoja amalize. Na akifuga nguruwe, basi humfuga mpaka nguruwe mwenyewe anashindwa kuinuka. Huyu ninayemsimulia alilishwa magimbi na machicha ya nazi miaka miwili mizima, akaitwa Kapteni, kwa heshima ya Lapana.

Lapana ni mwanawe wa pekee, baharia wa meli za mizigo. Kwa miaka tisa hakuwa ametia mguu hapa kisiwani kwetu Funafuti. Kila akipiga simu ni "mwakani, Mama," na mwakani ikifika, ni "mwakani" tena. Mwaka huo ndipo meli yake ilipoingia bandari ya Suva kutengenezwa, akapewa ruhusa fupi: aje na ndege ya Jumanne, arudi na ya Alhamisi, Ijumaa meli ing'oe nanga. Hesabu ilikuwa wazi kwa kila mtu kisiwani. Jumanne ikipotea, Lapana amepotea, na safari hii pengine kwa miaka mingine tisa.

Jumanne asubuhi shangazi alivaa gauni lake jekundu, akajivika taji la maua, akaweka jingine tayari kwa ajili ya mwanawe. Tulikuwa tukitoka kwenda kumpokea alipogeuka akamtazama Kapteni zizini, pale pale kando ya kiwanja cha ndege tunapofugia sote, akaona kama yuko uchi.

"Mgeni hupokewa na nyumba nzima," akasema. "Au huyu si wa nyumba?"

"Shangazi, huyu ni kitoweo."

"Kitoweo nacho kina heshima yake. Hebu nipe hilo lako la maua meupe."

Nilimpa, Mungu anisamehe. Akamvika Kapteni shingoni, akarudi nyuma kumtazama kama anayetazama bwana harusi. Nguruwe wengine wanne nao wakamtazama, lakini wao waliona chakula. Walimrukia kwa pamoja. Kapteni alipiga kelele zilizosikika hadi kanisani, akapasua ua wa zizi, na maua yake shingoni, akaingia kiwanjani mbio. Hapo hapo king'ora kikalia. Ndege imekaribia.

Kwetu kiwanja cha ndege ndicho pa kupumzikia na kuchezea, na king'ora kikilia watu huzoa mikeka yao na mipira yao wakasogea pembeni. Siku hiyo walisogea katikati. Kila mwenye miguu alikuwa akimkimbiza Kapteni, na wasio na miguu ya kukimbia walikuwa wakitoa ushauri. Vijana walikuja na pikipiki, wavuvi na nyavu. Kulikuwa na mtalii mmoja pale nyumba ya wageni, mzee mpole aliyetuambia amekuja kwetu kutafuta utulivu. Tulimkabidhi ncha ya wavu. Mchungaji aliteleza akaanguka na suti yake nyeupe, akatamka neno ambalo mimi sijalikuta kwenye Biblia yetu.

Penehuro, mkuu wa gari la zimamoto, alikuwa akimfuata nguruwe taratibu huku akipiga honi. Yeye na shangazi ni binamu, wamekua pamoja, na hawajawahi kusemezana bila kuchokozana.

"Dada Tausia!" akapaza sauti dirishani. "Mwondoe mumeo barabarani!"

Shangazi ni mjane wa siku nyingi. "Mume gani huyo anayekimbia akiniona?"

"Wote!"

Tulicheka hadi mbavu zikauma, na shangazi alicheka kutushinda. Ndege ikatokea juu ya minazi. Ikashuka, ikashuka, tukayaona magurudumu, halafu rubani akamwona Kapteni na jeshi lake akapaa tena. Akazunguka, akajaribu mara ya pili. Kapteni alikuwa amelala katikati ya njia, anatafuna taji lake. Ndege ikapaa tena.

Penehuro akasikiliza redio, uso ukamshuka. "Dada," akasema, na safari hii hakuwa anatania. "Rubani anaogopa mafuta yasije yakampungukia. Anarudi Suva."

Ndege ikageuza pua juu ya rasi. Kicheko kilituishia midomoni. Mimi nilitamani ardhi inimeze, maana lile taji nililitoa kwa mikono yangu.

Shangazi hakulia. Alivua viatu, akafunga pindo la gauni kiunoni, akaanza kukimbia. Sikujua kama ana mbio zile. Kapteni alimwona akainuka, lakini alikuwa amechelewa, shangazi alijitupa juu yake mwili mzima kama mlinda mlango anayedaka mpira. Wakabiringika pamoja hadi kwenye dimbwi la matope. Walipotulia, shangazi alikuwa juu.

"Nimemshika!" alimpigia kelele yule rubani, kana kwamba angemsikia. "Rudi! Nimemshika!"

Na ndege, hata sisi hatukuamini, ikarudi. Tuliwabeba wote wawili, shangazi hakukubali kumwachia Kapteni, tukawapakia juu ya gari la zimamoto, na kiwanja kikawa kitupu. Hivyo ndivyo Lapana alivyompata mama yake alipoteremka kwenye ngazi: matope hadi kwenye nyusi, nguruwe mapajani. Walikumbatiana watatu.

Kapteni tulimla, msinitazame hivyo. Jioni ukumbi ulijaa, na wimbo ulikuwa umeshatungwa, maana watu wetu hawalali na habari kama ile. Wanaume walikuwa wameketi kulizunguka sanduku la mbao, ambalo kwetu ndilo ngoma, mikono tayari kulipiga, ndipo Lapana akasimama kutoa shukrani.

"Rubani alikuwa ameshatangaza kwamba tunarudi," akasema. "Watu wamejaa madirishani wanacheka. Jirani yangu akaniuliza, yule kichaa aliyemlalia nguruwe ni nani? Nikasimama nikawaambia ndege nzima, yule ni mama yangu, na hajaniona miaka tisa. Basi abiria wote wakaanza kupiga viti. Zungusha! Zungusha! Walipiga viti kwa kasi, kwa kasi zaidi, hadi rubani akasema sawa, mara moja tu, ya mwisho."

Shangazi Tausia, aliyekuwa akicheka tangu mchana, alikuwa amefumba mdomo kwa kiganja.

"Uliwaambia mbele ya watu wote?" akauliza.

"Ndiyo, Mama."

"Na mimi niko matopeni vile?"

"Ndiyo."

"Na hukuona haya?"

"Hata chembe, Mama."

Akapangusa macho kwa pindo la gauni, akasimama, akanyoosha mikono tayari kucheza ngoma, akawageukia wanaume wa sanduku.

"Mnangoja nini nyie?" akasema. "Pigeni!"