Jiwe la Tatu la Bibi

Bibi alipofariki sikulia. Mpaka leo sijalia. Nala, nakwenda skuli hapa Ibra, narudi, nalala.

Kwetu kaburi la mwanamke huwekwa mawe matatu, la mwanamume mawili, na hayachorwi kitu. Jiwe la kati la Bibi lilipasuka. Babu kila akirudi makaburini husema hilo hilo: "Bibi yako kalala kama mwanamume."

Akapata jiwe jengine wadini, kwenye mto mkavu, laini, ila halisimami. Siku hizo mjini Nizwa palikuwa na maonyesho ya kazi za mikono, na mchongaji mmoja mzee, Muinuiti, katoka kwenye barafu huko kaskazini ya Kanada. Babu akanichukua, kwa kuwa mimi najua Kiingereza.

Tulimkuta kakaa nje, kajifunga barakoa, anapiga tupa jiwe la kijani. Akanambia kwao pia huchonga nje, hata kwenye baridi, kwani vumbi la mawe ndilo lililomuua baba yake. Kazi kafundishwa na mamake. Jiwe huligeuzageuza kutwa kabla hajalikata.

"Mwambie hili jiwe la kaburi la mke wangu, na kwetu halichorwi kitu; alisawazishe tako tu, lisimame," Babu akasema. "Pahala pengine asiguse."

Watu walikuwa wanatutazama. Nikaona haya. Nikasema kwa sauti ndogo: bibi yangu kafa, hili la kaburi lake, tafadhali litengeneze.

"Mbona maneno yako machache kuliko yangu?"

"Kiingereza ndivyo kilivyo, Babu."

Kesho yake tukarudi. Jiwe limesimama sawasawa, na juu yake kachongwa ndege kainamisha kichwa. Mzee akanishika bega, akanipa pole.

Babu alimtazama yule ndege muda mrefu. "Mwambie ahsante."

"Nisimwambie amfute?"

"Mtu kakupa rambirambi, we mtoto, utamrudishia?"

Ahsante hiyo niliitafsiri vizuri.

Kwenye gari nikakiri kuwa nilikata maneno yake. "Najua," akasema. "Ulimi wako uliuacha Ibra."

Jiwe lenye ndege halifai kaburini; liko dirishani, jikoni kwa Bibi. Ijumaa tulishuka wadini, nikageuzageuza mawe kama yule mzee, mpaka nikapata moja baya, linalosimama lenyewe. Tukalipeleka kaburini, tukalichimbia kati ya yale mawili.

Babu akanyoosha kidole. "Moja, mbili, tatu. Khalas, karudi kuwa mke wangu."

Akalia. Mimi nilikuwa najipangusa mchanga mikononi.