Mtoto Mbaya wa Ghorofa ya Tatu

Nilipokuwa na miaka tisa, mimi ndiye niliyekuwa mdomo wa mama. Tulikuwa tumetoka Bujumbura, mtaa wa Buyenzi, tukapata nyumba ghorofa ya tatu huku Ulaya, Berchem-Sainte-Agathe, na Kifaransa cha mama kiliishia bonjour na merci. Kwa hiyo kwa daktari ni mimi, komini, kwenye ofisi za serikali ya mtaa, ni mimi, hata kwa muuza nyama ni mimi. Sitaki kudanganya, nilijiona. Mtoto anayesikilizwa na wakubwa kila siku huota mapembe, na yangu yalikuwa yameota hasa.

Juu yetu, ghorofa ya nne, aliishi Khala Rukhsana. Khala ni mama mdogo kwa Kiurdu, na yeye mwenyewe ndiye aliyetufundisha tumwite hivyo. Alikuwa Mpakistani ambaye Pakistan hakuwahi kuishi. Alizaliwa kaskazini mwa Thailand, kwenye mtaa wa Wapakistani waliohamia huko tangu enzi za mababu, wakauza vitambaa na nyama ya ng'ombe, wakajenga msikiti wao katikati ya Wathai. Nyumbani Kiurdu, sokoni Kithai. Wapakistani wa hapa walikicheka Kiurdu chake, na mchuzi wake wenye mchaichai waliuonja kwa ncha ya ulimi. Mama yeye aliukomba mpaka sufuria ing'ae.

Wakawa marafiki wa kufa na kuzikana, na hapo sitii chumvi. Baridi yetu ya kwanza tulimzika mdogo wangu Zawadi, wa miezi miwili, na Khala ndiye aliyemwosha. Mama hakulisahau hilo.

Mwaka 2005 Mungu akatupa Idi. Siku ya tano, mama akiwa bado ndani na arobaini yake, Khala akashuka na bakuli la supu. Akamfunua mtoto, akamtazama kwa muda mrefu, machozi yakamlengalenga. Kisha akanigeukia na Kifaransa chake cha kuokoteza, akaniambia nimwambie mama: vilain, vilain bébé.

Neno vilain nililijua vizuri, lilikuwa tusi letu la shuleni. Ningeweza kunyamaza. Ningeweza kusema, "Anakupa hongera," wala dunia isingeanguka. Lakini kimbelembele changu! Nikasimama wima kama niko mbele ya darasa.

"Mama, Khala anasema mtoto mbaya. Mbaya sana."

Kwa Kiswahili chetu mbaya si sura peke yake. Mbaya ni mkosi, ni kitu kisicho na heri. Na aliyelitamka ni yule yule aliyemwosha Zawadi. Mama alimfunika Idi mpaka kichwani, akaniambia nimwonyeshe mgeni mlango. Hilo nalo nikalitafsiri. Khala alinitazama mimi, akamtazama mama, akatoka bila hata kuufunga mlango.

Wiki tano hawakusalimiana. Wakikutana kwenye ngazi, mama aligeukia ukuta. Nyumba nzima ilinuna, ila mimi nilikula vizuri na kulala vizuri. Kwani nilidanganya?

Siku ya arobaini Warundi wenzetu walijaa sebuleni, kila mmoja akimpokea Idi na kumsifu: mnene, mzuri, mashavu kama maandazi. Kesho yake asubuhi mtoto akaamka wa moto, anakohoa, anakataa ziwa. Daktari akasema ni kifua, akasema asiponyonya mpaka mchana tumkimbize hospitali. Nilimtafsiria mama yote hayo, hakusikia hata moja. Zawadi naye alianza hivi hivi. Mama alijitanda kanga, akamwachia baba mtoto, akanishika mkono tukapanda juu.

Khala alipofungua tu, mama akapiga magoti pale pale kizingitini.

"Mwambie alifute neno lake. Limemkamata mwanangu. Mwambie namwomba, alifute."

Sikuwahi kumwona mama amempigia mtu magoti. Nilitafsiri huku nalia, na kwa mara ya kwanza nikaogopa kile nilichokuwa nakibeba kinywani.

Khala alikaa chini, uso kwa uso na mama, akazungumza taratibu ili nimfuate. Alisema mama yake aliletwa kule kwa Wathai akiwa bibi harusi mgeni kutoka Pakistan. Alipojifungua, jirani yake Mthai alikuja, akamchungulia mtoto, akasema: mbaya huyu, anachukiza. Mama yake alilia wiki nzima, hadi Mpakistani mmoja mkongwe wa mtaa ule alipomcheka na kumweleza. Wathai hawamsifu mtoto mchanga. Mizimu inasikiliza, na ikisikia mtoto ni mzuri itamtamani na kumchukua. Kwa hiyo anayempenda humtukana. Mtoto yule alikuwa yeye, Rukhsana, na mtaa wao wote ulikuwa umeishika desturi hiyo ya majirani, wakiongezea mashallah yao.

Halafu akasema maneno ambayo nilimpa mama moja moja, kama yalivyo.

"Zawadi nilimwambia mzuri. Nilijisahau. Safari hii niliogopa."

Kumbe miaka miwili yote alikuwa akipanda na kushuka ngazi zile akijua moyoni kwamba yeye ndiye aliyemuua dada yangu. Mama alimwangalia, kisha akanigeukia.

"Mwambie kaka yangu mkubwa aliitwa Kabwa. Kijibwa. Bibi yako alikuwa amezika wawili kabla yake."

Nikamwambia. Wakashikana mabega, wakalia mpaka baba akaja kutuita.

Khala alimtukana Idi njia nzima mpaka hospitali, na mama akimsaidia, hata muuguzi mmoja akawakunjia uso. Siku nne mtoto alikaa na mrija wa oksijeni puani, akapona. Leo mimi mwenyewe ni muuguzi, najua ni oksijeni. Ila watoto wachanga wa wodini siwasifu, na nani aniulize.

Mama hakunilaumu hata siku moja. Mwezi uliofuata alijiandikisha kusoma Kifaransa, yeye na Khala, Jumanne na Alhamisi. Alisema anatafuta kazi. Akaanza kuingia kwa daktari peke yake, mimi nabaki nje na vitabu vya picha, na nilinuna kweli, nikiona ananiadhibu. Mpaka nilipozaa wa kwangu ndipo nilipoelewa. Mama alikuwa ameona pale kizingitini mtoto wa miaka tisa akitamka msiba wa watu wazima kwa lugha mbili, akaamua kunitua.