Mji Nilioujua kwa Sakafu Yake

Uongo wangu ulianzia jikoni, Erdington, siku binti yangu alipobwaga begi la shule mlangoni na kuapa kwamba harudi tena. Alikuwa na miaka kumi na mmoja. Mwalimu wa hesabu alikuwa amemkera, basi dunia imekwisha. Ningeweza kumwambia mengi ya kweli. Badala yake nilimwambia kwamba mimi mama yake, Msomali wa kuzaliwa na kulelewa Mombasa, nilisomea Bologna, Italia, katika chuo kikuu kikongwe kuliko vyote Ulaya, na sikukiacha hata baridi iliponipasua midomo.

Baridi ilikuwa ya kweli. Bologna nayo ilikuwa ya kweli, miaka sita mizima. Chuo ndicho nilichokitunga pale pale, mwiko wa pilau ukiwa mkononi. Mume wangu, ambaye ndiye aliyenitoa Italia kwa ndoa na anaijua hadithi yote, alipaliwa na chai akatoka nje kukohoa.

Begi likaokotwa. Kesho yake mtoto akaenda shule, na mimi nikajipongeza. Sikujua kwamba uongo wangu ameubeba humo humo begini. Jioni ya wazazi ilipofika, mwalimu wa historia alinipa mkono kwa heshima na kusema amesikia mengi kuhusu masomo yangu. Nikamjibu kwa tabasamu la msomi. Ningefanyaje?

Ukweli ni huu: kwa miaka sita nilimtunza bibi mmoja wa Kiitaliano, signora aliyepooza miguu. Nilimwogesha, nikampikia supu, nikamsukuma kwenye kiti cha magurudumu kila asubuhi. Na sasa nilikuwa nafanya kazi hiyo hiyo kwenye nyumba ya wazee kule Sutton Coldfield, napanda treni ya alfajiri na kurudi nikinuka sabuni. Nilimwonea haya mwanangu. Nilitaka aamini kwamba kabla ya aproni nilikuwa mtu mwingine.

Njia ya mwongo ni fupi, wanasema. Yangu ilikuwa na tiketi ya ndege.

Mwaka wa 2006 binti alikuwa na miaka kumi na mitano, na baba yake akatupatia safari ya siku tatu, sisi wawili, kwenda Bologna. Nilipomkazia macho huyo mwanamume aliniambia tu, "Bi mkubwa, si ukakisalimie chuo chako?" Binti naye akaingia kwenye mtandao na kutuandikisha kwa matembezi ya mji wa kale, saa mbili kwa miguu, pamoja na mtembezaji. Akachapisha ramani na kuibandika kwenye friji. Kila nilipochukua maziwa niliuona mji wangu, nikaufunga mlango haraka. Lakini sitaki kusema uongo wa pili: moyo ulikuwa ukinirukaruka kwa furaha. Miaka kumi na sita sikuwa nimekanyaga kule!

Tulifika asubuhi yenye jua. Kengele zinalia, kahawa inanukia, mikate inatolewa kwenye tanuri. Bologna ni mji wa varanda. Karibu kila mtaa una njia ya miguu iliyoezekwa, matao kwa matao, hata mvua ikinyesha unavuka mji mzima bila kulowa. Nilipoingia chini ya tao la kwanza nyayo zangu zikaitambua ile sakafu kabla sijajua nilipo. Nikacheka peke yangu barabarani. Binti akaniuliza nina nini, nikasema nina njaa.

Mtembezaji alikuwa kijana mchangamfu mwenye mwavuli wa njano, na kila alipouinua juu, sisi watalii kumi na wanne tulimfuata kama vifaranga. Alizungumza Kiingereza kwa mikono yote miwili. Nilimpenda mara moja. Alitusimamisha chini ya varanda moja kuukuu, nguzo zake za mbao ndefu, akatuambia tutazame juu. Darini, palepale kwenye mbao, mlikuwa na mishale mitatu iliyokwama tangu enzi za kale. Wauaji walilenga shabaha yao, akasema, lakini mwanamke akatokea dirishani bila nguo na mikono ikawatetemeka. Nilinyoosha mkono kumziba binti masikio, nimechelewa.

"Mum, hii lazima ulikuwa ukiiona kila siku!" akasema. Yeye hunielewa kwa Kiswahili na kunijibu kwa Kiingereza, kwa hiyo maneno yake hapa nimeyavika kanga mwenyewe.

Sikuwahi kuiona. Nilipita chini ya mishale ile kila asubuhi kwa miaka sita, na sikujua kwamba dari ina kitu.

Ikawa hivyo kila tuliposimama. Kulikuwa na kidirisha ukutani ambacho ukikifungua unaona mfereji wa maji umejificha kati ya nyumba. Watalii wenzetu wakashangaa. Binti akanong'ona kwamba kwetu Birmingham mifereji ipo tele na hakuna anayeificha nyuma ya dirisha, kisha akaniuliza kama nilikuwa nikija hapa na wanafunzi wenzangu. Nikasema sikumbuki. Kulikuwa na kanisa kubwa ambalo uso wake ni marumaru nusu ya chini na matofali matupu nusu ya juu, kazi iliyoachwa njiani karne nyingi zilizopita. "Na hili hukulijua?" Nilijua ngazi zake tu. Nilipiga kelele za mshangao kuliko mtalii yeyote, na mshangao wangu haukuwa wa kuigiza. Mji wote ulikuwa na juu! Michoro, vichwa vya simba, mwezi na nyota, na mimi nilikuwa nimeishi chini yake kama siafu.

Binti alikuwa ameacha kupiga picha. Akanivuta mkono.

"Mum, niambie kweli. Uliwahi kuishi hapa?"

Hapo ndipo nilipoogopa hasa. Nilikuwa nimejiandaa kwa siku ya kugundulika kwamba sikusoma Bologna. Sikujiandaa kwa mtoto wangu kudhani sijafika Bologna kabisa, kwamba miaka yangu sita yote ni hewa.

Kabla sijamjibu tukaingia kwenye jengo la zamani la chuo, kuta zimejaa nembo za wanafunzi waliopita, maelfu, za rangi zote. Binti akainua mkono, na nikaona wazi kwamba ananijaribu.

"Mama yangu alisoma chuo hiki."

Mtembezaji akapiga makofi. Akanigeukia na kunimiminia Kiitaliano: karibu nyumbani, ulisomea nini, mwaka gani? Nikafungua kinywa na Kiitaliano kikatoka chenyewe, mbio mbio, bila kutu. Nilimwambia asante, mji wenu mzuri, na wewe mwanangu umekonda, hawakulishi? Yule kijana alicheka hadi mwavuli ukamponyoka. Akawageukia wenzetu na kusema kwa Kiingereza, "Mnajua huyu mama anaongeaje? Anaongea kama nonna wangu, bibi yangu mzaa mama! Maneno ya jikoni, maneno ambayo hayasemwi tena tangu bibi alipofariki. Mama, nani alikufundisha?"

"Mwalimu wangu alikuwa mtu mzima," nikasema.

Watu wakacheka. Binti hakucheka. Alinitazama kama mtu anayesoma saa iliyosimama.

Kituo cha mwisho kilikuwa njia panda iliyofunikwa kwa kuba, kando ya uwanja mkubwa. Pembe zake nne zina kuta za mawe. Mtembezaji akatueleza kwamba ukisimama pembe moja umeuelekea ukuta na kunong'ona, sauti hupanda kwenye kuba na kushukia pembe ya pili, na mwenzio hukusikia hata watu wakipita katikati kwa kelele. Zamani, akasema, wagonjwa wa ukoma waliungamia hapa dhambi zao, padri akiwa pembe ile.

Binti alikuwa amekwishakimbilia pembe ya mbali. Nikaweka paji la uso karibu na jiwe. Baina yetu walipita wanafunzi, baiskeli, mwanamke na mbwa wake. Kisha sauti yake ikaniingia sikioni, karibu mno, kama alipokuwa mdogo akilala begani kwangu.

"Mum? Unanisikia? Ulisoma nini?"

Kuta zina masikio, tunasema. Ukuta ule ulikuwa na mdomo pia, na mimi nikautumia.

"Sikusoma, mama. Nilikuwa nikimtunza bibi mmoja asiyetembea. Namwogesha, namlisha, namsukuma. Miaka sita. Mji huu niliupita nimeinamisha kichwa, natazama magurudumu yasije yakanasa. Ndiyo maana sijui cha juu hata kimoja. Nilikudanganya kwa sababu niliona aibu. Nisamehe."

Baiskeli nyingine ikapita. Sikuthubutu kugeuka. Machozi yalikuwa yakinitoka na ukuta ulikuwa baridi.

"Nyumba yake iko wapi?"

"Dakika kumi. Kwa kiti cha magurudumu."

"Basi nipeleke."

Tukamuaga mtembezaji. Nikatoa mkobani mwavuli wetu wa Birmingham, ambao hatusafiri bila huo hata kiangazi, nikauinua juu. Binti akanifuata hatua moja nyuma, amekunja mikono, hajaamua bado.

Nikaanza kumtembeza. Na jamani, mdomo ulifunguka! Hapa, nikamwambia, marumaru hii ikilowa inateleza, kiti lazima ukigeuze kinyumenyume. Kidato hiki, usikidharau. Siku moja nilikipanda kwa pupa, signora akajing'ata ulimi, akanitukana hadi magharibi, na ndivyo nilivyojifunza matusi yote ya Kiitaliano. Hii sakafu ya vijiwe vyekundu na vyeupe, hapa tulisimama kila siku dakika mbili, kwa sababu hapa ndipo alipokutana na mumewe akiwa na miaka kumi na minane, na ole wangu nisimame dakika moja. Mteremko huu unaanza taratibu, huuoni, lakini mikono inaujua. Nilikuwa natembea kwa kasi, natoka jasho, nimesahau aibu yote. Nilipotazama nyuma, binti alikuwa ametoa kamera na anapiga picha za chini.

Tulipokaribia uchochoro wenyewe nikaanza kuomba dua. Kulikuwa na kitu kimoja tu duniani ambacho kingenishuhudia, na miaka kumi na sita ni mingi.

Mlango wa signora ulikuwa na ngazi mbili, na mwaka wa kwanza niliuumiza mgongo kwa kukiinua kile kiti. Siku moja mafundi waashi walikuwa wakitengeneza nyumba ya jirani. Nikawaomba saruji iliyobaki, ndoo mbili, nikajenga mteremko mwenyewe, kwa mwiko wa kuazima, kama nilivyomwona baba akisakafu uani kwetu Mombasa. Nikamwambia signora tusubiri hadi kesho ikauke. Signora hakusubiri kitu maishani mwake. Tukapita juu yake ikiwa mbichi.

Tukakunja kona. Mlango ulikuwa umepakwa rangi mpya ya kijani. Chini yake, saruji yangu. Na katikati ya saruji, mifuo miwili ya magurudumu, imenyooka, na kati ya mifuo hiyo nyayo za ndara zangu, tatu, upande wa vidole umezama kwa sababu nilikuwa nasukuma kwa nguvu zote.

Nikainyooshea mwavuli saruji ile.

Binti akachuchumaa. Akapitisha kidole ndani ya mfuo mmoja hadi mwisho. Kisha akavua kiatu, akaweka mguu wake ndani ya unyayo wangu. Haukuenea. Mguu wake ni mkubwa kuliko wangu.

"Ulikuwa mdogo," akasema.

Wakati huo mzee na mkewe, watalii, walikuwa wakipita uchochoroni na kitabu chao cha ramani, shingo zimepinda, wanatafuta kitu kwenye madirisha ya juu. Binti akauchukua mwavuli mkononi mwangu na kuuinua, mguu mmoja bado peku.

"Samahani," akawaambia. "Mnatazama juu bure. Tazameni hapa chini. Hii aliijenga mama yangu."

Wakasimama. Wakainama kutazama. Yule mzee akavaa miwani yake, akauliza ni ya mwaka gani, na binti akanigeukia ili nijibu.