Kovu la Debe

Jamani, nimechoka. Miaka thelathini na kitu nimekuwa nikimkasirikia mtu bure.

Leo nilikuwa sokoni Kondele nikinunua omena, wale dagaa wa ziwani. Mama anayeuza akanikazia macho. "Wewe si ni Adhiambo wa Kaloleni?"

Nikamtazama vizuri. Alikuwa Awuor!

Watoto wangu wanamjua kwa hadithi. Miaka ya themanini mwishoni, mtaa mzima tulichota maji kwenye mfereji mmoja. Unaacha debe lako kwenye laini, linakushikia nafasi. Siku moja Awuor akasukuma langu nyuma. Kuuliza tu, akanipiga nalo usoni. Damu mpaka kwenye gauni.

Jua lilikuwa kali, na sikuwa na nguvu ya kuzungukazunguka. Nikamwambia, "Awuor, ile siku ya debe nilishakusamehe."

Akaacha kupima omena.

"Unisamehe *mimi*?"

Akavuta kitambaa cha kichwa nyuma. Kovu linaanzia kwenye nyusi, linapanda mpaka kwenye nywele.

"Mama yangu alikuja kwenu jioni ile," akasema. "Mkajifungia ndani."

Nikamnyooshea pesa. Akanifungia omena, akaniongezea kiganja kimoja juu, vile wanavyoongezea kila mteja.

Nimefika nyumbani, nimesimama mbele ya kioo. Nimetafuta kovu langu usoni, hata kwenye nywele.

Sina.

Na damu naikumbuka vizuri, jamani, ikiwa kwenye gauni langu. Sikuwahi kujiuliza ilikuwa ya nani.