Shamba Nililolitoa Bila Kulijua

Nilirudi Temeke kwa likizo ya kwanza ya chuo kikuu nikiwa na suruali mbili na misemo ya siasa isiyo na idadi. Baba mdogo akichukua kipande cha pili cha samaki, namwita kupe. Dada akikataa kuazimisha kioo chake, huo ubinafsi. Nyumbani walinivumilia, nadhani walidhani ni malaria.

Jumamosi moja balozi wetu wa nyumba kumi, fundi cherehani mpole, aliitisha mkutano uani kwake. Tulitakiwa kuanzisha shamba la pamoja, ila ardhi ilikuwa haijapatikana. "Siasa ni kilimo," alisema, akanyamaza, maana hakuwa na la kuongeza. Mie nilikuwa nalo. Nilisimama nikalaani kujilimbikizia, na makofi yaliponikolea nikatangaza kwamba shamba la mihogo la mama yangu, kule Kinyerezi, kuanzia siku ile ni mali ya nyumba kumi.

Mama alikuwa mkekani na wenzake. Shamba lile ndilo lililotulisha tangu baba afariki. Kulikatalia mbele za watu ni kuitwa bepari, tena na mwanawe wa kumzaa. Aliinuka, akajifunga khanga upya.

"Ndugu Balozi, mie sina neno. Msomi kalitoa, kesho msomi atupeleke."

Kesho yake tulikwenda, majembe begani, mie mbele, balozi nyuma na wazee. Nilikuwa sijakanyaga kule tangu darasa la nne. Kila njia panda nilimtazama mama. Mama akatazama mawingu. Hatimaye nikaona mihogo iliyostawi kuliko yote. "Ndugu zangu, ni hapa!" Nikang'oa shina moja, liwe mfano.

"We mtoto!" balozi alipiga kelele akija mbio. "Hilo langu!"

Shoga yake mama akauliza kwa adabu zote, "Kwani, Ndugu Balozi, si letu sote?"

Balozi alipangusa jasho. Akasema jambo zito kama hilo halitaki pupa. Kwanza lipelekwe kwenye tawi la chama, likajadiliwe. Sijui kama lilifika. Hatukulisikia tena.

Wenzetu walipogeuza kurudi, mama alinishika mkono akanivusha kijito, hadi kwenye shamba letu lililoanza kuota magugu. Akanikabidhi jembe.

"Haya, baba. Hutubia."

Nilipalilia wiki tatu. Mpaka wa shamba lile naujua hadi leo.